Kutoka Lubumbashi hadi Le Mans: namna ya kuisoma safari ya madereva vijana wa Uingereza na kumwanzishia kijana wako ya kwake

Tarehe 14 Juni 2025, saa kumi jioni, mpwa wangu mwenye umri wa miaka 15 aliketi barazani kwetu Kamalondo akiwa na simu yangu mkononi na blanketi mabegani, na isipokuwa kwa ajili ya chakula hakuinuka mpaka saa kumi jioni ya siku iliyofuata. Mwezi wa Juni saa ya Lubumbashi na saa ya Ufaransa ni moja, hivyo alizifuata Saa 24 za Le Mans, mbio za magari zinazokimbiwa mchana na usiku huko Ufaransa, kama mtu aliyekuwa kandokando ya njia, na baridi ya kiangazi chetu ikimtesa usiku kucha. Mbio zilipomalizika, Ferrari ya manjano namba 83 ya timu ya AF Corse ilikuwa mbele ya zote, na miongoni mwa madereva wake watatu, pamoja na Robert Kubica wa Poland na Yifei Ye wa China, alikuwamo Mwingereza Phil Hanson, ambaye alikuwa bado hajatimiza miaka 26. Mpwa wangu akaniuliza: «Mjomba, huyu alianzia wapi?»

Swali hilo ni zuri kuliko lile ambalo vijana wengi huuliza, yaani gari linakimbia kilomita ngapi kwa saa. Mwongozo huu ni jibu langu, nikiwa nimelipanua kwa ajili ya mzazi au mlezi yeyote wa Lubumbashi ambaye nyumbani kwake yupo kijana wa namna hiyo, awe wa kiume au wa kike. Sitaahidi kwamba mtoto wako atafika Le Mans. Nitaeleza njia ilivyo, sehemu zake zinazoweza kuigwa hapa kwetu, na zile ambazo haziwezi kuigwa, ili fedha na miaka visipotee mahali pasipostahili.

Kwanza fahamu ni mbio za aina gani

Kijana akisema anataka kuwa dereva wa mbio, kwa kawaida anafikiria Formula 1. Mwache afikirie, lakini mwonyeshe hesabu. Katika msimu wa 2025, Formula 1 ilikuwa na viti 20 tu duniani kote. Le Mans ya mwaka huohuo ilikuwa na magari 62, na kila gari lilikuwa na madereva 3, kwa hiyo katika wikendi moja walikuwapo watu 186 waliokabidhiwa usukani. Sababu ni kwamba mbio za magari ya spoti, hasa zile za masaa mengi, haziendeshwi na mtu mmoja peke yake. Katika Le Mans dereva haruhusiwi kukaa kwenye usukani zaidi ya saa 4 ndani ya kipindi cha saa 6, wala kuzidisha saa 14 kwa jumla, hivyo timu inalazimika kuwa na watu wa kupokezana.

Magari yenyewe yamegawanyika katika makundi matatu yanayokimbia pamoja kwenye njia moja. Juu kabisa yapo Hypercar, ambayo viwanda vikubwa kama Ferrari, Toyota na Porsche vimeyatengeneza kwa ajili ya mbio tu. Chini yake yapo LMP2, ambayo pia ni prototaipu zisizouzwa kwa matumizi ya barabarani, ila zinapatikana kwa timu binafsi. Na kundi la tatu ni LMGT3, au GT3 kwa kifupi, yaani magari yenye umbo la yale unayoweza kuyaona dukani, yakiwa yamebadilishwa kwa ajili ya mashindano. Katika mzunguko mmoja wa Le Mans, wenye kilomita 13.626, Hypercar humzidi GT3 kwa takriban nusu dakika. Maana yake ni kwamba dereva wa GT3 hupitwa na magari yenye kasi kubwa saa zote 24, mchana na usiku, na dereva wa Hypercar hulazimika kuwapita wenziwe mamia ya mara bila kugusana nao. Kujua kupita na kujua kupitwa ni ujuzi mzima wa kazi hii, nami naona ndio unaosahaulika zaidi na vijana wanaojifunzia kwenye michezo ya video.

Kuna jambo jingine ambalo mtu wa Katanga atalielewa haraka. Shirikisho la magari la dunia, FIA, huwapanga madereva wa mbio hizi katika madaraja manne: Shaba, Fedha, Dhahabu na Platini. Shaba kwa kawaida ni wale wasiofanya mbio kuwa kazi yao, wengi wakiwa wafanyabiashara walioanza wakiwa watu wazima. Fedha ni vijana wanaochipukia, pamoja na madereva wazuri ambao bado hawajafikia kilele. Dhahabu na Platini ni wale wanaolipwa. Sheria za LMGT3 zinataka kila gari liwe na dereva wa Shaba, na mara nyingi huyo ndiye anayeleta fedha zinazoiendesha timu. Sisi tuliozaliwa wakati mkoa wetu ukiitwa Shaba hatuna haja ya kuelezwa mara mbili kwamba shaba ndiyo inayolipa.

Jambo hili linabadilisha kabisa maana ya kumwandaa kijana. Timu inayomtafuta dereva chipukizi haitafuti mwenye kasi pekee; inatafuta mwenye kasi ambaye pia ataweza kukaa na tajiri wa miaka 50, kumwonyesha mahali anapopoteza muda bila kumdhalilisha, na kumrudishia gari likiwa zima. Kijana mwenye kiburi anaweza kufika mbali katika mbio za gari la kiti kimoja. Katika magari ya spoti, kiburi kitamnyima kazi.

Namna ya kuisoma safari ya dereva

Kijana akikuletea jina la dereva anayempenda, usikubali aishie kwenye idadi ya vikombe. Mtume akatafute mambo manne: alianza na umri gani, aliendesha gari gani katika kila mwaka, alikaa miaka mingapi katika kila ngazi, na ni nani aliyeketi naye katika gari moja. Jambo la nne ndilo linaloeleza mengi zaidi.

Tuanze na Hanson. Alizaliwa Julai 1999. Katika msimu wa 2016 na 2017 alitwaa ubingwa wa LMP3, prototaipu za kujifunzia, katika mashindano ya Le Mans ya Asia, akishirikiana na Nigel Moore, na mwezi Juni 2017, akiwa na miaka 17, aliendesha Le Mans yenyewe katika LMP2 pamoja na Moore huyohuyo na Karun Chandhok, ambaye aliwahi kuendesha Formula 1. Baada ya hapo hakuruka ngazi. Alibaki katika LMP2 kwa miaka mingi, na mwaka 2020, akiwa na timu ya United Autosports na mwenzake mzoefu Filipe Albuquerque wa Ureno, alichukua ubingwa wa dunia wa kundi hilo, ubingwa wa Ulaya, na ushindi wa kundi hilo huko Le Mans. Mwaka 2024 alipanda Hypercar, akaendesha Porsche ya timu ya Jota pamoja na Jenson Button, bingwa wa Formula 1 wa 2009. Ushindi wa jumla, yaani dhidi ya magari ya makundi yote, ulikuja mwaka 2025. Hesabu: ni miaka 8 tangu Le Mans yake ya kwanza, na karibu wakati wote alikaa na mtu aliyemzidi uzoefu. Kijana anayedhani kwamba atafika juu kwa misimu miwili anapaswa kuiona safari hii tarehe kwa tarehe.

Jamie Chadwick, aliyezaliwa 1998, alipita njia ambayo naiona kuwa ya Kiingereza zaidi kuliko zote. Baada ya magari madogo ya karting aliingia Ginetta Junior, mashindano ambamo vijana wa miaka 14 hadi 17 huendesha magari yanayofanana ya kiwanda kidogo cha Uingereza, na mwaka 2015 akashinda ubingwa wa GT4, kundi lililo chini ya GT3, katika British GT, mashindano ya magari ya spoti ya Uingereza, akiwa na Ross Gunn kwenye Aston Martin. Alikuwa mwanamke wa kwanza kupata ubingwa katika mashindano hayo. Kisha aliondoka kwenye magari ya spoti, akaenda katika magari ya kiti kimoja, akatwaa W Series, mashindano ya wanawake, mara tatu, 2019, 2021 na 2022, akashinda mbio moja ya Indy NXT, mashindano ya madereva chipukizi huko Marekani, mwaka 2024, na mwaka 2025 akarudi katika prototaipu za LMP2 barani Ulaya. Wenye mabinti waisome safari hii kwa makini, kwa sababu inaonyesha kwamba mlango wa magari ya spoti haufungwi nyuma ya mtu anayekwenda kujaribu kwingine.

Nick Tandy ndiye ninayempenda, nami sioni aibu kusema hivyo. Alikulia shambani huko Bedfordshire, akaanzia kwenye mbio za mduara mfupi na magari ya Mini, si katika karting ya gharama kubwa ya Italia. Alipata nafasi yake kwa kushinda mashindano ya Porsche zinazofanana nchini Ujerumani mwaka 2011. Miaka minne baadaye kiwanda cha Porsche kilimpa gari la Le Mans, naye akashinda mbio hizo kwa jumla pamoja na Earl Bamber na Nico Hülkenberg. Aliongeza Saa 24 za Nürburgring huko Ujerumani mwaka 2018, za Spa huko Ubelgiji mwaka 2020, na za Daytona huko Marekani mwezi Januari 2025, akawa dereva wa kwanza katika historia kushinda zote nne kwa jumla. Alipokamilisha alikuwa na miaka 40. Katika soka mchezaji wa umri huo anasifiwa kwa kuwa bado anakimbia; katika kazi hii mtu wa umri huo anaweza kuwa katika ubora wake.

Wa nne ni Jann Mardenborough, mtoto wa mchezaji wa soka, aliyelelewa Cardiff. Mwaka 2011 alishinda shindano la Nissan na PlayStation lililowaingiza wachezaji wa mchezo wa video katika magari halisi, akiwashinda washiriki wapatao 90,000, na mwaka 2013 akashika nafasi ya tatu katika LMP2 huko Le Mans. Vijana wa Lubumbashi wanalijua jina hili kuliko mengine, na kwa sababu hiyo ni lazima nitoe tahadhari mbili. Ya kwanza ni kwamba shindano lile lilikoma mwaka 2016. Ya pili ni kwamba huko Nürburgring, Machi 2015, gari lake liliinuka hewani likavuka uzio na mtazamaji mmoja akafariki. Kijana anayetaka kazi hii anapaswa kuijua habari hiyo kutoka kwako, kabla hajaisikia kwa wengine.

Mambo yanayoweza kufanywa hapa

Nianze na katazo, kwa kuwa halijadiliki. Barabara ya Likasi na ile ya Kasumbalesa si mahali pa mazoezi. Malori yenye mzigo wa shaba, pikipiki zisizo na taa, na watu wanaovuka wakiwa na mabeseni kichwani havina nafasi katika mafunzo ya kijana yeyote. Dereva wa mbio wa Uingereza hufanya kosa mahali ambapo pana eneo la kutokea, ukuta wa tairi, wasimamizi wenye bendera na daktari anayesubiri. Kijana atakayekamatwa akishindana barabarani umzuie kugusa usukani wa aina yoyote, hata ule wa mchezo, kwa muda utakaouona unafaa.

Kifaa cha kwanza ni usukani wa mchezo wenye kurudisha nguvu mikononi, pamoja na pedali. Ukiwa na fedha kidogo, toa nyingi kwenye pedali ya breki kuliko kwenye usukani, kwa sababu breki hujifunzwa kwa nguvu ya mguu, na pedali nyepesi za plastiki humfundisha mguu uongo. Umeme ukikatika mara kwa mara mtaani kwako, tafuta betri yenye inveta, au panga mazoezi saa ambazo umeme hukaa. Mpwa wangu hufanya mazoezi alfajiri kabla ya shule, jambo ambalo pia limemfundisha kulala mapema.

Mazoezi yenyewe yawe na utaratibu. Achague gari moja la GT3 na njia moja, nami napendekeza Silverstone, yenye kilomita 5.891, kwa kuwa ina kona za kila aina, na asibadilishe kitu kwa mwezi mzima. Asitafute mzunguko mmoja wa kasi. Atafute mizunguko 20 mfululizo ambayo tofauti kati ya wa polepole na wa haraka haizidi nusu sekunde, bila gurudumu kuvuka mstari mweupe. Mizunguko hiyo aiandike katika daftari kwa mkono. Timu za mbio za masaa mengi huhesabu wastani wa dereva kwa saa nzima, na mtu anayepata mzunguko mmoja wa ajabu kisha akatoka nje ya njia katika unaofuata ni hasara kwao.

Kuhusu ufundi wa kona, mweleze hivi. Tairi ina nguvu ya kushika ardhi yenye kikomo, kama mtu mwenye mfuko mmoja wa fedha: alicholipia breki hakibaki kulipia kona. Kwa hiyo breki nzito hupigwa gari likiwa limenyooka. Kisha, gari linapoanza kuinama kuingia kona, mguu unaiachia breki polepole, kidogo kidogo, ili uzito ubaki kwenye magurudumu ya mbele na pua ya gari iendelee kutii. Na mafuta huongezwa pale usukani unapoanza kunyooshwa. Anayeingia kona kwa haraka ya kupita kiasi atatoka polepole, na kama baada ya kona hiyo kuna sehemu ndefu iliyonyooka, kosa lile litamfuata mpaka mwisho wa sehemu hiyo. Macho nayo yatangulie: akiwa anapiga breki, atazame kitovu cha kona, yaani sehemu yake ya ndani kabisa, akikifikia kitovu, atazame mahali pa kutokea.

Baada ya mwezi wa tatu, mwongezee yale yanayohusu mbio za masaa mengi hasa. Aendeshe saa moja na nusu bila kusimama, kwenye njia ya Le Mans, usiku, akiwa pamoja na magari ya makundi yote. Ajifunze kutobadili mstari wake ghafla anapoona taa kwenye kioo, kwa sababu dereva wa Hypercar anayemjia amekwisha kuamua apitie wapi kwa kutazama mahali GT3 ilipo. Ajifunze pia kuinua mguu kabla ya mahali pa breki ili kuokoa mafuta, na kuona ni muda gani anaoupoteza kwa mafuta anayoyaokoa. Mara nyingi atashangaa jinsi ulivyo mdogo.

Kisha ni karakana. Hapa Lubumbashi tuna bahati ambayo miji mingi ya Afrika haina: migodi imetuzalishia mafundi wa mitambo kwa zaidi ya miaka mia, Wasalesiani wana shule ya ufundi ya Salama, na chuo kikuu chetu kina kitivo cha polytechnique. Dereva anayejua gari anaongea na mhandisi wake kwa maneno yanayofanyiwa kazi. Asiseme «gari ni baya». Aseme katika kona gani, mwanzoni, katikati au mwishoni, pua inakimbilia nje au mkia unateleza, na kama hali hiyo ilianza tairi zikiwa mpya au baada ya mizunguko 15. Jumamosi mbili kwa mwezi katika gareji ya jirani, akifungua breki na kuzifunga, zitampa msamiati huo bila gharama.

Mwili hauhitaji maelezo mengi: shingo, kiwiliwili, mapafu, na kuzoea joto, kwa kuwa ndani ya gari lililofungwa joto huwa kubwa kuliko la nje na dereva amevaa mavazi mazito yasiyoshika moto. Kukimbia mchana wa Oktoba kabla mvua hazijaanza, akiwa na maji na uangalizi, ni maandalizi ya kutosha kwa miaka ya mwanzo.

Lugha, kwa upande mwingine, ndiyo silaha ambayo kijana wetu anayo kabla ya kijana wa Uingereza. Anaongea Kifaransa. Le Mans huandaliwa na klabu ya Kifaransa, Automobile Club de l'Ouest, na Ufaransa ina timu nyingi na shule zake za mbio. Redio za timu nyingi hata hivyo huongea Kiingereza, kwa hiyo akisome kwa bidii. Lakini asiache Kifaransa kikaota kutu kwa kudhani kwamba njia ni ya Waingereza peke yao.

Leseni, na gari la kwanza halisi

Leseni ya mbio si permis ya barabarani. Hutolewa na shirikisho la taifa linalotambuliwa na FIA, na huko Uingereza shirikisho hilo ni Motorsport UK. Mtu anayetaka leseni ya mbio za magari huko huthibitisha afya yake, hujibu maswali ya sheria na usalama, na kuendesha mbele ya mkufunzi katika njia ya mbio, ambaye hatafuti kasi bali anatazama kama mtahiniwa anajiendesha kwa utulivu na kuheshimu vioo. Katika maswali hayo bendera huchukua nafasi kubwa, na kijana wako anaweza kuzijua leo: ya njano ni hatari mbele, apunguze mwendo na asimpite mtu, ya bluu inamwambia kwamba gari lenye kasi zaidi linamjia, ya njano yenye mistari myekundu ni utelezi, nyeupe ni gari la polepole mbele yake, nyekundu ni kusimamishwa kwa mbio, nyeusi inamwita arudi kwa mafundi.

Kwa gari halisi la kwanza, tazama kusini kabla ya kutazama Ulaya. Afrika Kusini ina njia za Kyalami, Zwartkops na Killarney, na safari ya kwenda Johannesburg ni nafuu kuliko ile ya London hata ukihesabu viza na siku za barabarani. Ni nchi iliyotoa ndugu wawili van der Linde: Kelvin alikuwa bingwa wa ADAC GT Masters, mashindano ya magari ya spoti ya Ujerumani, mwaka 2014, na Sheldon akatwaa ubingwa wa DTM, mashindano mengine makubwa ya huko, mwaka 2022. Wote wawili walianzia nyumbani, kisha wakahamia Ujerumani walipokuwa tayari kushinda. Ningemshauri mzazi anunue kwanza siku moja ya majaribio, si msimu. Siku hiyo ya mizunguko hamsini katika gari la kukodi, pamoja na mkufunzi na grafu za data zinazoonyesha breki, pedali ya mafuta na usukani, itakuambia ukweli ambao usukani wa mchezo hauwezi kuusema, nao ni kama kijana anaogopa au haogopi, na kama anajifunza kati ya asubuhi na jioni.

Kuhusu fedha sitazunguka. Gari jipya la GT3 hugharimu zaidi ya nusu milioni ya euro kabla halijaguswa na fundi, na juu yake kuna tairi, mafuta, mafundi, ada za kushiriki, safari na ajali. Familia ya kawaida ya Lubumbashi hailipi hayo, wala familia ya kawaida ya Uingereza. Wanaofika huko bila utajiri hufika kwa kushinda katika mashindano ya magari yanayofanana, ambako gharama ni ndogo na kipaji huonekana wazi, au kwa kupata ufadhili wa masomo ya mbio, au kwa wadhamini. Kwa wadhamini wa hapa kwetu, yaani kampuni za migodi na zile zinazozihudumia, andika barua ya ukurasa mmoja inayosema kijana atafanya nini, lini, kwa kiasi gani, na kampuni itapata nini: nembo kwenye mavazi, video fupi za Kiswahili na Kifaransa, ziara katika shule ya ufundi. Barua inayoomba huruma huishia mezani kwa katibu.

Sasa niseme la kwangu. Mwaka juzi nilimlipa mtu dola 600 kwa kile alichokiita nafasi katika chuo cha madereva barani Ulaya. Barua ilikuwa na nembo nzuri na muhuri, na jina la mpwa wangu liliandikwa kwa usahihi, jambo lililonifumba macho. Chuo hakikuwapo. Tangu hapo nina utaratibu ambao sivunji: natafuta jina la timu katika orodha rasmi za washiriki wa mashindano ya mwaka huo, naandikia timu yenyewe kwa anwani iliyo kwenye tovuti yake, si ile niliyopewa na mjumbe, silipi kwa akaunti ya mtu binafsi, na mkataba nausoma hadi kwenye kifungu kinachoeleza nani analipa gari likigongwa, kwa sababu kifungu hicho kinaweza kuuza nyumba. Ukiona mkataba hauna kifungu hicho, usifurahi, uliza.

Ikiwa hadi miaka 18 mlango wa dereva haujafunguka, karakana ile na daftari lile havikupotea. Kila gari la Le Mans lina mhandisi, mtu wa data, mtu wa tairi na mafundi wake, na hao huajiriwa kwa ujuzi wao, bila kuleta mfuko wa fedha. Mpwa wangu hataki kulisikia hilo, nami silisemi mara kwa mara.

Jumapili iliyopita alinipelekea picha ya daftari lake: mizunguko 20 ya Silverstone, tofauti ya sekunde 0.6. Chini yake aliandika kwamba sehemu moja ya kumi iliyobaki ipo katika kona ya Copse, ambako anaogopa kuuweka mguu chini mapema. Nimemwambia aache kuuliza kuhusu Hypercar mpaka aipate.